Ni kweli Stax iliuawa na kipengele kimoja cha mkataba?

SWALI: Shikamoo mwalimu. Nina studio ndogo hapa Mwanza na wasanii watatu chini ya lebo yangu. Juzi kampuni moja ya usambazaji imenitumia mkataba: sisi turekodi, wao wasambaze, mapato tugawane. Rafiki yangu akanionya yasije yakanikuta ya Stax, lebo ya Marekani iliyopoteza nyimbo zake zote kwa kipengele kimoja tu. Nimesoma huku na huku, maelezo yanapingana. Ilikuwaje hasa? Na kipengele kimoja kinaweza kuua lebo kweli?

JIBU: Marahaba. Rafiki yako amekuambia nusu ya habari. Kipengele kilikuwepo, na kweli kiliwanyang'anya nyimbo karibu zote walizokuwa wamerekodi na kusambaziwa kwa miaka minane. Ila hakikuwaua. Baada ya kunyang'anywa waliishi miaka mingine saba na ushei, wakajaza uwanja wa michezo Los Angeles, na wimbo wao ukabeba tuzo ya Oscar. Kilichowaua ni kitu kingine, na kwa jinsi ulivyoeleza, hicho kingine ndicho kilichokufikia wewe kwenye barua pepe. Nivumilie, nitaanzia mbali kidogo.

Mwaka 1957, Memphis, jimbo la Tennessee. Jim Stewart ni karani wa benki mchana, jioni anapiga fidla kwenye bendi za kantri. Anaanzisha lebo, anaiita Satellite, na studio yake ya kwanza ni gereji. Hana mashine ya maana. Anamwendea dada yake, Estelle Axton, aliyemzidi miaka 12, mwalimu wa zamani ambaye naye wakati huo alikuwa mfanyakazi wa benki. Estelle akamshawishi mumewe waiweke nyumba yao rehani kwa mara ya pili, zikapatikana dola 2,500, wakanunua mashine moja ya kurekodia ya Ampex. Huo ndio mtaji. Hata jina la Stax ni majina yao mawili yaliyounganishwa, herufi mbili za Stewart na mbili za Axton. Walilichukua mwaka 1961 baada ya kugundua kuwa huko California kulikuwa na lebo nyingine iliyokwisha kujiita Satellite.

Mwaka 1960 walihamia kwenye jengo la sinema lililofungwa, Capitol, barabara ya East McLemore namba 926. Viti waling'oa. Sakafu iliyoinama kuelekea kwenye pazia la sinema waliiacha vilevile, maana pesa ya kuisawazisha haikuwepo, na mafundi wengi wanaamini mwinamo ule ndio uliozipa rekodi za Stax mvumo wake mzito. Siyo siri ya ufundi iliyobuniwa na mtu. Ni ukata.

Sasa hapa naomba nikae kidogo, kwa sababu wanaosimulia habari za Stax hupapita mbio.

Pale mlangoni, kwenye kaunta iliyokuwa ikiuzwa bisi na peremende enzi za sinema, Estelle alifungua duka la santuri. Liliingiza pesa ya kusukumia siku wakati studio bado haijaingiza kitu. Zaidi ya hapo lilikuwa sikio lao. Estelle alikuwa anajua nani kanunua nini, na aliuliza kwa nini. Rekodi ikitoka studio kabla haijakamilika, aliipiga pale dukani spika zikielekea barabarani, akawatazama vijana wa mtaa. Wakisimama na kuuliza "hii ya nani?", imepita. Wakiendelea na safari zao, inarudi ndani kurekebishwa. Mita chache tu kutoka kwenye maikrofoni hadi kwa mnunuzi! Wewe leo unaingoja ripoti ya miezi mitatu kutoka kwa msambazaji ili ujue wimbo wako umependwa Geita au haukupendwa.

Na duka lile lilivuta watu. Steve Cropper, mpiga gitaa ambaye gitaa lake linasikika karibu kila rekodi ya Stax ya miaka ya 60, alisimama nyuma ya kaunta ile akiuza santuri. Booker T. Jones alikuwa mwanafunzi wa mtaani pale, akija kusikiliza sahani mpya bila kununua. David Porter alifanya kazi kwenye duka la vyakula ng'ambo ya barabara, akavuka kwenda kuuliza kama kuna nafasi ya mtunzi. Baadaye yeye na Isaac Hayes ndio walioandika nyimbo zilizowainua waimbaji wawili, Sam & Dave. Memphis ya wakati ule mweusi na mweupe hawakuruhusiwa kula meza moja hotelini. Ndani ya sinema ile bendi ya studio yenyewe, Booker T. & the M.G.'s, ilichanganya weusi na weupe. Walipotoa "Green Onions" mwaka 1962 Booker T. alikuwa na miaka 17.

Mwaka huohuo 1962 alikuja mpiga gitaa mmoja kutoka Georgia, Johnny Jenkins, kurekodi. Siku haikumwendea vizuri. Muda ulipobaki, kijana aliyekuwa amemwendesha garini kumleta akaomba aimbe na yeye. Dereva yule aliitwa Otis Redding, na ndiye aliyekuja kuwa msanii wao mkubwa.

Turudi kwenye karatasi. Mwaka 1960 Rufus Thomas, mtangazaji wa redio wa Memphis, na bintiye Carla waliimba pamoja rekodi iliyouzwa vizuri mjini. Habari zikamfikia Jerry Wexler wa Atlantic Records ya New York. Akapiga simu, wakakubaliana: Stax watarekodi, Atlantic watasambaza nchi nzima. Makubaliano yenyewe yalikuwa ya mdomo na kupeana mikono, na yalifanya kazi. Waliongeza hata lebo ndogo ya pili, Volt, kwa sababu vituo vya redio vilikuwa vinaogopa kupiga nyimbo nyingi za lebo moja wasije wakashukiwa kula rushwa. Otis alitolewa na Volt. Sam & Dave walikuwa wa Atlantic, waliazimwa Stax ili wapikwe Memphis. Liweke hilo neno "waliazimwa" akilini, tutalirudia.

Mwaka 1965 Jim Stewart mwenyewe ndiye aliyetaka yaandikwe. Watu hupenda kusimulia kana kwamba aliviziwa, lakini aliomba maandishi kwa sababu ya hofu ya maana kabisa: vipi Atlantic ikiuzwa? Yeye alimwamini Wexler, hakuiamini kampuni. Akataka kifungu cha kumruhusu kutoka endapo Wexler hatakuwepo tena. Akapewa. Akasaini, bila wakili wake kuupitia mkataba, na bila yeye mwenyewe kuusoma hadi mwisho.

Ndani ya mkataba uleule, mbali na kile kifungu alichokiomba, palikuwa na maneno yanayosema kwamba kanda mama zote, yaani rekodi asilia, ambazo Stax imezipeleka Atlantic kusambazwa, umiliki wake wote umehamishiwa Atlantic. Wote. Si kukodisha, na muda wa kurudi haukutajwa.

Nimewahi kuletewa mkataba na mwanamuziki mmoja wa dansi, umekunjwa ndani ya mfuko wa plastiki pamoja na kadi ya kliniki ya mwanawe. Kila ukurasa ulikuwa na saini yake, nzuri, iliyopambwa. Nikamuuliza ukurasa wa nne unasemaje. Akacheka: "Ule wa nne si ni wa sheria tu, mzee." Kila nikimkumbuka Stewart namkumbuka yeye. Na Stewart alikuwa mtu wa benki, kazi yake ilikuwa karatasi!

Mwaka 1967 kile alichokihofia kikatimia. Atlantic ilinunuliwa na Warner Bros.-Seven Arts. Desemba 10 ya mwaka huohuo ndege ya Otis Redding ilianguka katika ziwa Monona, Wisconsin, ikamwua pamoja na vijana wanne wa bendi ya Bar-Kays waliokuwa wakimsindikiza. Aliyepona ndani ya ndege ni mmoja tu, mpiga tarumbeta Ben Cauley. Siku chache kabla ya hapo Otis alikuwa amerekodi "(Sittin' On) The Dock of the Bay". Ilitoka Januari 1968, ikashika namba moja, na mwenyewe yuko kaburini.

Stewart akajaribu kuzungumza na wenye mali wapya, hawakuelewana bei. Basi, akasema, natumia kifungu changu, natoka. Kikakubalika. Akadai na kanda zake. Hapo ndipo alipofunguliwa mkataba na kuonyeshwa mstari. Nyimbo zote za Otis, pamoja na huo wa namba moja, hazikuwa zake. Sam & Dave wakarudishwa kwa mwenyewe, maana kitu cha kuazima hurudi, na nyimbo walizoimba Memphis zikabaki huko New York. Wexler alikuja kusema kwamba hata yeye hakujua mawakili wake wameuingiza mstari ule. Huenda. Ila mkataba hausomwi kwa nia ya aliyeuleta.

Jambo moja hawakulipoteza, na wewe mwenye lebo ulielewe vizuri. Wimbo una mali mbili ndani yake. Kuna utunzi, yaani maneno na sauti, ambao ni wa mtunzi au wa kampuni aliyoipa, na kuna rekodi, ile sauti iliyonaswa siku ile kwenye kanda. Kipengele cha 1965 kilichukua rekodi. Utunzi ulikuwa kwenye kampuni nyingine ya Stax, East Memphis, ukabaki nyumbani. Kwa hiyo kila Atlantic walipouza santuri ya Sam & Dave, mrabaha wa utunzi uliendelea kuingia Memphis. Sheria yetu ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 nayo inazitenganisha: mtunzi ana hakimiliki yake, mwimbaji na mtayarishaji wa rekodi wana hakishiriki zao. Mkataba unaosema "haki zote za wimbo" bila kutaja ni zipi umezifagia zote kwa ufagio mmoja.

Na tusijifanye ni mambo ya Wamarekani peke yao. Bendi zetu za miaka ya 70 na 80 zilirekodi sehemu kubwa ya nyimbo zao Radio Tanzania, na kanda mama zikabaki kwenye rafu za redio. Mwanamuziki aliyeupiga wimbo ule anausikia mchana jikoni kwake kama msikilizaji mwingine yeyote.

Aprili 4, 1968, Martin Luther King aliuawa palepale Memphis, Lorraine Motel, hoteli ambayo watu wa Stax waliipenda kwa kulala, kuogelea na kuandikia nyimbo. Steve Cropper na Eddie Floyd walikuwa wameandikia moja ya nyimbo zao kubwa humo. Mji ukaungua kwa hasira. Kwa hiyo ifikapo Mei 1968 hesabu ya Stax ni hii: msanii mkubwa amekufa, kundi la pili kwa ukubwa limerudishwa, kanda zote zimekwenda, na mtaa una majeraha. Mtu mwenye akili timamu angefunga duka.

Al Bell hakufunga. Alikuwa mtangazaji wa redio aliyeajiriwa mwaka 1965 kusukuma mauzo, mtu mrefu mwenye maneno mengi. Hoja yake ilikuwa nyepesi: kama hatuna nyimbo za zamani, tutengeneze hazina mpya kwa mpigo mmoja. Mwaka 1969 wakatoa albamu 27 karibu kwa wakati mmoja. Miongoni mwake mojawapo haikutarajiwa na yeyote: *Hot Buttered Soul* ya Isaac Hayes, nyimbo nne tu albamu nzima, mmoja unazidi dakika 18, mwingine dakika 12. Redio gani itapiga dakika 18? Zilipiga. Iliuza zaidi ya milioni moja. Miaka miwili baadaye Hayes akatunga muziki wa filamu ya *Shaft*, na mwaka 1972 akapanda jukwaani kupokea Oscar ya wimbo bora. Agosti 20 mwaka huo Stax ikafanya tamasha Los Angeles, Wattstax, kiingilio dola moja, wakaja watu zaidi ya 100,000.

Kwa hiyo unaona, kipengele kile kiliwapiga, wakaanguka, wakainuka. Tatizo ni namna walivyoinuka.

Walipotoka Atlantic mwaka 1968 hawakujenga mtandao wao wa kusambaza, walijiuza kwa Gulf+Western, kampuni kubwa iliyokuwa na biashara za kila aina zikiwemo filamu za Paramount. Mwaka 1969 Estelle, aliyekuwa hapatani na Al Bell, akaondoka, hisa zake zikanunuliwa. Mwaka 1970 Stewart na Bell wakaikomboa kampuni kwa mkopo wa Deutsche Grammophon ya Ujerumani. Mwaka 1972 Bell akataka kumnunua na Stewart, akaenda CBS, kampuni kubwa ya santuri, akapata mkopo, na sharti la mkopo likawa CBS ndiye msambazaji. Hesabu: ndani ya miaka minne wameegemea kampuni kubwa tatu, na mwisho wake ufunguo wa mlango wa kutokea bidhaa haukuwa mfukoni mwao.

Mtu aliyeyasuka makubaliano yale CBS alikuwa Clive Davis. Mwaka 1973 CBS ikamfukuza kazi. Ni kosa lilelile la 1965 lililorudi na koti jingine: wameelewana na mtu, mtu kaondoka, wamebaki na kampuni isiyowajua. Na CBS ilikuwa na njia zake, maduka makubwa. Santuri za Stax kwa miaka yote zilikuwa zikiuzwa kwenye vijiduka vya mitaa ya weusi, maduka ya aina ya lile la Estelle pale kwenye kaunta ya bisi. Huko CBS hawakujishughulisha kufika. Mnunuzi anauliza, mwenye duka anasema haijaja, na mzigo umekaa ghalani. Ningeulizwa mimi Stax ilikufa lini, nisingetaja mwaka 1968 wala tarehe ya mahakama. Ningesema ilikufa siku mwenye kijiduka alipoacha kuagiza.

Yaliyofuata ni ya benki. Pesa za CBS zilipokauka, Bell alikopa zaidi Union Planters, benki ya Memphis, akaweka dhamana kila kilichobaki, pamoja na East Memphis, yaani ule utunzi uliosalimika mwaka 1968. Union Planters ndiyo benki aliyokuwa akifanya kazi Estelle siku zile alipoiweka nyumba yake rehani. Desemba 19, 1975 maofisa wenye silaha walikuja na amri ya mahakama, wafanyakazi wakatolewa nje, mlango ukafungwa. Bell alishitakiwa kwa udanganyifu wa kibenki, akaachiwa huru mwaka 1976. Rekodi za baada ya 1968 zilinunuliwa na Fantasy ya California mwaka 1977. Jengo lenyewe liliuzwa kanisa kwa dola kumi, likabomolewa mwaka 1989, na mwaka 2003 likasimamishwa jingine la mfano wake palepale, sasa ni makumbusho. Ukienda leo kununua nyimbo za Stax, za kabla ya Mei 1968 unamlipa mmoja, za baada yake unamlipa mwingine.

Sasa mkataba wako. Hujanitumia maandishi yenyewe, kwa hiyo nasema kwa jumla, na kwa yale niliyozoea kuyaona.

Kwanza, tafuta kama umeandikwa "leseni" au "kuhamisha". Leseni ni kukodisha nyumba: ina muda, ina kodi, ina siku ya kutoka. Kuhamisha ni kuuza. Wengine huandika "leseni" juu halafu chini wakaongeza "ya kipekee, duniani kote, kwa muda wote wa hakimiliki", na hapo nyumba imeuzwa, ila bango la "inapangishwa" limeachwa ukutani. Mimi kwa lebo ya ukubwa wako nisingevuka miaka mitatu hadi mitano, na ningedai iandikwe kwamba muda ukiisha nyimbo zinashushwa na kurudi bila kuomba.

Kisha jiulize swali la Stewart, safari hii ukiwa na jibu lake: hawa wakiuzwa, au huyu ofisa anayekupigia simu kwa ucheshi akihama, nini kinatokea? Kifungu cha kutoka kiwepo, na kiseme wazi kwamba ukitoka unatoka na kanda zako. Stewart alipata cha kwanza, hakupata cha pili.

Malipo ya awali wakikupa, yachukulie kama mkopo mpaka uone pameandikwa vinginevyo. Na haki ya kukagua hesabu zao usiiruke hata kama leo huna pesa ya kumlipa mkaguzi.

La mwisho silo la mkataba, ila nakusihi. Usiwape njia zote. Wape majukwaa ya mtandaoni kama wanayaweza, lakini akaunti za lebo na orodha ya namba za madj wa Kanda ya Ziwa bakia nazo mwenyewe, pamoja na wale jamaa wa stendi wanaowapigia muziki madereva. Hiyo ndiyo kaunta yako ya bisi. Uendelee kusimama pale na kutazama nani anageuka wimbo ukianza.

Wasanii wako watatu nao, je, wewe umewaandikia nini? Ukiwa umechukua rekodi zao milele kwa maneno ya mdomo, anza na hilo kabla hujamwendea msambazaji, maana atakuuliza kama una haki ya kumpa. Halafu piga picha ukurasa wenye neno "kuhamisha" au "kwa muda wote", ufiche majina, unitumie. Ule wa asilimia unaweza kungoja.